Jina Lililotajwa Mwanzo wa Filamu

Msambweni, 14 Aprili 2025

Mpwa wangu Twaiba,

Assalaam alaykum. Ni matumaini yangu uko mzima na baridi ya Nairobi haijakumaliza. Sisi tu wazima, isipokuwa goti la mama yako, ambalo tangu uondoke baada ya Idd limerudia ukaidi wake. Amekatazwa kubeba maji, naye anabeba. Juzi nilikwenda Bongwe kumgombeza, akaniuliza kati yangu na yeye nani alizaliwa kwanza. Nikanywa chai yangu nikarudi nyumbani. Mihogo imeshika vizuri, na mvua imeanza kwa adabu.

Simu yako haipatikani, leo siku ya nane. Nimerudi kwenye kalamu, na barua hii nimemkabidhi Viola, mpangaji wa mama yako, yule binti wa mapokezi hotelini Diani. Anakwenda kwao bara kwa likizo na amesema Nairobi atapita.

Sasa keti. Ile filamu ya shujaa uliyotuambia siku ya Idd, ile ambayo kazi yako wewe ni kuchora maji ya gharika kwa kompyuta, nimeionyesha! Ndiyo, hapa Msambweni, bandani kwangu, Jumapili ya tarehe sita baada ya Alasiri. Watu walijaa mpaka wengine wakatazama madirishani. Nilishika kipaza sauti nikaifasiri kama kawaida yangu, na bila kujisifu (ingawa nina haki) sijawahi kufasiri vizuri hivyo tangu nilipofungua banda. Shujaa wao nimempa jina la Shutu. Mji wao nimeuita Likoni, na lile daraja nimewaambia watu ndilo daraja letu tunaloahidiwa kila uchaguzi. Watu walivunjika mbavu.

Na kabla picha haijaanza nilisema hivi, nakuandikia neno kwa neno: "Mabibi na mabwana, kabla hamjamwona shujaa, mjueni aliyemtilia maji. Maji yote mtakayoyaona yamechorwa na Twaiba binti Chande, mzaliwa wa Bongwe, mpwa wangu mimi Kheri." Walipiga makofi mpaka bati likatikisika.

Kitu kimoja tu hakikutupendeza. Shutu anavaa kinyago, haya, tumekubali, ni mambo yao. Lakini anapovunja lango la bwawa ili awaokoe watu wa darajani, anayekamatwa ni mlinzi wa lango, maskini ya Mungu, ambaye mimi nimemwita Chome. Na Shutu anajua, na ananyamaza, ati akisema watamjua uso! Mwanamke mmoja alisimama akamkemea kwenye ukuta: "Sema wewe! Sema ni wewe!" Mwisho Shutu anabomoa jela anamtoa Chome. Watu hawakuridhika. Wamesema amemtoa ndani, hajamsafisha jina. Nami naona vivyo hivyo. Nilimsema Shutu kwa kipaza sauti mpaka nikapitwa na maneno ya picha.

Nimerekodi sauti yangu juu ya filamu nikaiweka mtandaoni. Nasikia inatazamwa mpaka Vanga na Tanga. Jina lako limesafiri kuliko miguu yako.

Mjomba wako,
Kheri


Nairobi, 29 Aprili 2025

Mjomba Kheri,

Shikamoo. Barua yako nimeipata kwa mkono wa Viola, na mimi ni mzima wa mwili. Mwambie mama avae ile bandeji niliyomletea, asiifungie kabatini pamoja na vyombo vya wageni. Mwambie pia nakula vizuri. Usimwambie zaidi ya hapo.

Simu yangu haipatikani kwa sababu imechukuliwa na ofisi, pamoja na kompyuta. Wanazichunguza. Tarehe saba Aprili bosi wangu, Everline, aliniita kwenye chumba cha mikutano. Walikuwa watu wanne. Walibonyeza tu kitufe, na nikaisikia sauti yako, Mjomba. "Mabibi na mabwana, kabla hamjamwona shujaa..." Nilicheka. Wallahi nilicheka, kwa sababu ni wewe na nilikuwa nimekukumbuka. Kisha nikaona nimecheka peke yangu.

Filamu ile haijatoka, Mjomba. Itatoka Julai. Hakuna mtu duniani aliyepaswa kuwa nayo ila sisi tunaoitengeneza, na kampuni ya ng'ambo inayoimiliki. Na nakala ya kwanza iliyoonekana mtandaoni, ya kwanza kabisa, ni yako. Inaanza kwa kunitaja mimi, jina la baba yangu, na kijiji nilichozaliwa.

Nimesimamishwa kazi mpaka uchunguzi uishe. Naweza kufukuzwa, na wenye mali wanaweza kunipeleka mahakamani. Hakuna studio nyingine itakayoniajiri baada ya hapo, maana kazi yetu yote ni kuaminiwa.

Nina swali moja tu. Filamu umeipata wapi?

Sitaki haya tuyaongee kwa simu ya kuazima. Nijibu kwa basi, barua zetu Viola atazipeleka na kuzifuata kwenye ofisi ya basi Ukunda, amekubali.

Mpwa wako,
Twaiba


Msambweni, 20 Mei 2025

Mpwa wangu mpenzi,

Waalaykum salaam na marahaba nyingi. Samahani kwa kuchelewa. Mvua ilizidi adabu ile niliyoisifu, barabara ya kwetu ikawa mto, na bati la upande wa mashariki likaondoka. Tumelirudisha. Mama yako bandeji ameivaa, juu ya leso, ili watu waione. Harusi ya binti wa jirani yetu ilifana, pilau ikabaki, jambo ambalo hatujaliona tangu mwaka juzi.

Habari yako imenichoma. Siku niliyoisoma sikufungua banda. Ile rekodi nimeiondoa mtandaoni siku hiyo hiyo, ijapokuwa Viola ameniambia, "Uncle, hiyo tayari ime-spread, watu wame-download zamani." Ameniambia pia nisijilaumu sana. Nimejilaumu.

Uliniuliza kwa nini nimekutaja. Najua hukuuliza, lakini nakujibu. Kwanza, kwetu Wadigo mtoto wa dada ni wa mjomba kabla hajawa wa mtu mwingine, na mjomba asipomtaja mpwa wake atamtaja nani? Pili, niliitazama filamu ile peke yangu mara mbili kabla ya kuionyesha, nikingojea mwisho wake, pale majina yanapopanda. Wewe ulituambia siku ya Idd jina lako litakuwepo. Nikakaa na miwani yangu. Filamu ikakatika, weusi mtupu. Hakuna jina lako wala la mtu yeyote. Nikasema basi, kama wao hawamtaji, nitamtaja mimi.

Twaiba, sikiliza shauri langu. Achana nao. Njoo nyumbani. Meneja wa hoteli anakofanya kazi Viola ananifahamu, nilimfasiria sherehe ya mwaka mpya, na wanatafuta mtu wa kompyuta. Utalala kwa mama yako, utakula samaki wa leo si wa juzi, na mambo ya Nairobi yatapoa yenyewe. Watu husahau.

Na usiwe na wasiwasi, nakala yangu haina kitu cha kukutia hatarini. Hata kama ina alama yoyote ya ofisi yenu, nimeifunika sehemu ya chini yote kwa utepe wangu mwekundu: BANDA LA KHERI, MSAMBWENI, KARIBUNI NYOTE.

Mjomba wako anayekuombea,
Kheri


Nairobi, 2 Juni 2025

Mjomba,

Shikamoo. Mimi ni mzima. Mama mpe salamu.

Hukunijibu. Umenieleza bati, pilau na bandeji, swali langu umelipita kama hukuliona. Narudia. Filamu umeipata wapi?

Sasa nikueleze juu ya huo utepe wako mwekundu. Kila nakala inayotoka kwenye studio ina namba yake, imeandikwa hafifu sana chini ya picha, pembeni. Yangu ina yangu, ya Everline ina yake, ya kila kampuni tunayofanya nayo kazi ina yake. Ukiiona namba, umemjua aliyeivujisha. Wachunguzi wameitafuta kwenye nakala yako wiki nane. Hawaioni. Wewe umeifunika kwa KARIBUNI NYOTE.

Lakini ile uliyoitia utepe si ile uliyoipokea. Mahali fulani hapo bandani una nakala safi. Nakufahamu, hutupi hata misumari iliyopinda. Niletee hiyo. Mpe Viola, au itume kwa basi, au njoo nayo mwenyewe useme ni sauti yako na ulipoitoa. Kikao changu ni tarehe kumi na tisa Juni. Baada ya hapo watakuwa wameshaamua.

Najua nakuomba jambo kubwa. Ukijitokeza watajua banda liko wapi, na kuonyesha filamu za wizi ni kosa. Najua banda ni maisha yako. Lakini tazama unachonishauri: nije nyumbani, nijifiche, watu watasahau. Si ndivyo alivyofanya Shutu? Alimtoa Chome ndani akadhani wamelipana. Wewe mwenyewe ulimtukana kwa kipaza sauti. Mimi sitaki kutolewa, Mjomba. Nataka jina langu. Nimekesha kwenye matone ya maji yale miezi kumi na minne, nikiyachora nikikumbuka mkondo wa bahari pale Gasi maji yanapotoka, na hakuna mtu pale studio anayejua maji kama mimi. Sitatoka kwa mlango wa nyuma.

Namba hiyo si yangu.

Twaiba


Nairobi, 11 Juni 2025

Mjomba,

Viola amesema barua ulipewa mkononi tarehe nne, ukaisoma umesimama, ukaikunja, ukamuuliza kama amekula.

Sasa nimeelewa kwa nini hunijibu. Si banda unaloliogopea. Unadhani ni mimi niliyeivujisha, na namba hiyo ni yangu, na unanificha.

Twaiba


Msambweni, 23 Juni 2025

Mpwa wangu Twaiba,

Assalaam alaykum. Najua Everline amekwishakueleza, kwa hiyo hakuna habari ninayokuletea. Nakuandikia kwa sababu nilifika Nairobi tarehe kumi na saba nikaondoka siku hiyo hiyo bila kukupitia, na wewe unastahili kujua kwa nini.

Ni kweli. Nilidhani ni wewe.

Filamu niliinunua kwa Maxwell, yule wa duka la filamu pale Ukunda, ndani ya flashi. Kila filamu mpya huipata yeye kwa njia zake za siri. Nilipomuuliza imefikaje kabla ya wakati, alicheka akasema, "Mzee, hii imetoka kwa watu wenyewe wa studio. Mtu wao anatuachia tu." Nami nikakumbuka kuwa siku ya Idd ulilala kwa mama yako na kompyuta yako iko wazi mezani, na ulikuwa umechoka, na ulilalamika kuwa hawakuthamini. Nikajumlisha mambo yasiyojumlishika. Nilifurahi, Twaiba! Huo ndio ukweli wa aibu. Nilidhani umetuletea sisi watu wako kimyakimya, na mimi nikakulipa kwa kukutaja. Ndiyo maana barua yako ya kwanza ilinikausha mate. Nikaona nisijibu; na uliponieleza habari ya namba, nikaona nisipotoa flashi haitaonekana na wewe utapona. Nilijiona shujaa. Kinyago changu kilikuwa utepe mwekundu.

Barua yako ya tarehe kumi na moja niliisoma bandani, nimekaa kwenye viti vya mbele. Nilikaa hapo tangu Adhuhuri mpaka Alasiri. Nilijiuliza jambo moja: huyu mtoto nimemlea, nimemfundisha kusoma kwa magazeti ya kufungia samaki, lini ameniambia uongo? Sikupata hata mara moja. Basi nikasimama.

Flashi sikuifungua kuitazama ile namba. Nakuapia. Viola alisema, "Uncle, si uangalie kwanza kabla hujaenda, ndio ujue?" Nikamwambia nikiangalia kwanza nitakuwa sijamwamini.

Nikavaa kanzu ya Idd, nikapanda basi. Pale ofisini kwenu mlinzi alidhani nimekuja kuombea mtu. Nikamwambia nimekuja kujitaja. Everline alipotoka nikamsalimu, nikamwambia: "Mimi ni Kheri wa Msambweni. Ile sauti ni yangu. Mpwa wangu hajui chochote. Hii hapa flashi, na duka nililoinunua nitawaandikia." Hawakuamini, maana walidhani mwenye ile sauti ni kijana. Nikawaomba wawashe filamu bila sauti. Nikafasiri dakika tano, pale Shutu anaposhika daraja, nikiwa nimesimama, bila kipaza sauti. Watu walitoka vyumbani wakaja mlangoni. Niliifanya vizuri, mpwa wangu. Hata siku ya aibu yangu niliifanya vizuri.

Kisha wakaiingiza flashi kwenye kompyuta, wakaikuza ile sehemu ya chini. Everline aliitazama namba, akafungua orodha yao, akaniambia kwa upole, "Mzee, si ya Twaiba." Nikamjibu ninajua. Machozi yakanitoka hapo hapo mbele ya vijana.

Nimetia saini kuwa sitaonyesha tena filamu isiyo halali. Nimekubali. Maxwell hanisemeshi, na wateja wengine wananiita msaliti. Watazoea.

Sikuja kwako kwa sababu sikuwa na uso. Kumwamini mtu baada ya wiki saba si jambo la kubishia mlango.

Mjomba wako,
Kheri


Nairobi, 2 Julai 2025

Mjomba Kheri,

Shikamoo. Ni mzima, na nimerudi kazini tangu Jumatatu. Kiti changu kilikuwa kimekaliwa na mtu mwingine, nikamtoa. Mwambie mama sasa anaweza kuambiwa yote, ingawa najua Viola amekwishamwambia.

Namba ilikuwa ya kampuni ya matangazo huko ng'ambo. Mtu mmoja wao amekiri. Everline ameniomba radhi mbele ya wote, kwa sauti, kwa kunitaja jina. Nilimwambia nitakubali akifanya hivyo hivyo na si kwa barua pepe, naye akafanya. Kisha akaniuliza kama kweli daraja la Likoni litajengwa.

Mjomba, nilikasirika. Nilikaa siku tatu sijafungua barua yako. Uliponidhania, uliniumiza kuliko wale wanne wa chumba cha mikutano, maana wao hawanijui. Lakini hukuitazama ile namba. Nimelirudia hilo mara nyingi. Ulipanda basi ukiwa hujui, ukaingia. Mimi sijui kama ningeweza. Basi tumeshalimaliza, na ukija Nairobi tena ukapita bila kunibishia mlango, hapo ndipo tutakosana.

Filamu inatoka mwisho wa mwezi huu. Hoteli ya kina Viola imepata ruhusa ya kuionyesha kwenye ukumbi wao, Jumamosi ya tarehe tisa Agosti, saa nane mchana. Nimekuwekea nafasi, wewe na mama na watu kumi na wanane wa bandani. Chagua mwenyewe, usije ukachagua jamaa watupu. Mimi sitaweza kuja, tuna kazi mpya. Kuna moto safari hii, na moto siujui kama maji, inanibidi nijifunze.

Kaeni mpaka mwisho kabisa.

Mpwa wako,
Twaiba


Msambweni, 11 Agosti 2025

Mpwa wangu Twaiba,

Assalaam alaykum. Sisi hatujambo. Goti la mama yako limepanda ngazi za hoteli bila kunung'unika, jambo linalonifanya niamini kuwa lilikuwa linajifanya. Banda halijafa. Sasa tunaonyesha mpira, na kanda za harusi za hapa hapa kwa ruhusa ya wenyewe, nami nazifasiri ingawa ziko kwa Kiswahili. Watu wanapenda kujiona kuliko walivyompenda Shutu. Ile harusi ya jirani yetu tumeirudia mara nne, na kila mara pilau inabaki, na kila mara watu wanashangilia.

Jumamosi tulikwenda. Nilivaa kanzu ile ile. Yule mwanamke aliyemkemea Shutu nilimpa kiti cha mbele, ana haki yake. Filamu ilikuwa nzima, haina utepe, na maji yako, Twaiba, kwenye ile picha kubwa, mama yako aliinua miguu. Nilipoyaona yanarudi nyuma kabla ya kupiga nguzo za daraja nikajua ni Gasi, maji yakipwa. Sikumwambia mtu. Kinywa kiliniwasha muda wote, maana Shutu alikuwa anaongea Kizungu chake na hakuna aliyemfasiri. Watu walikuwa wanageuka kunitazama. Nikakifumba.

Ilipoisha wageni wa hoteli waliinuka wote. Taa ziliwashwa, mhudumu akaanza kuokota vikombe. Sisi ishirini hatukuondoka. Majina yakapanda, mengi, madogo, yanakimbia kama siafu, ya Wazungu, ya Wahindi, ya Wachina. Mhudumu akaja akatuambia kwa adabu, "Wazee, imeisha hiyo." Mama yako akamwambia akae.

Likaja. Twaiba Chande. Halikukaa hata muda wa kuvuta pumzi. Wale watu wa bandani wote wakageuka kwangu, wakingojea nilitangaze kama siku ile.

Safari hii sikusema neno. Walilisoma wenyewe.

Mjomba wako,
Kheri